Tusimwache Afisa Mwaminifu Peke Yake

Ndugu zangu wa Migori na Homa Bay, wazee wetu, akina mama wa sokoni, walimu, wavuvi na vijana wa boda boda, nawaandikia kuhusu mtu ambaye kila mmoja wetu anamjua kwa jina. Yuko katika ofisi ya kaunti, au kituo cha afya, au ofisi ya ardhi, au mpakani Isebania. Anafika kazini asubuhi, anatoka jioni, na kwa miaka yote aliyofanya kazi hajamwomba mtu chai. Magazeti hayamwandiki, kwa sababu jambo ambalo mtu amekataa kulifanya halipigwi picha.

Nina neno moja juu yake. Sisi tunaompenda ndio tunaomsukuma aanguke, na sisi hao hao ndio tunaoweza kumshika asianguke.

Mtazameni akiwa afisa wa uvuvi katika ufuo mmoja kati ya Muhuru Bay na Mbita. Ni Januari, shule zinafunguliwa. Mshahara wa Desemba haujaingia, kwani mgao wa kaunti umechelewa kutoka Hazina ya Kitaifa na Nairobi hakuna anayejibu ni lini utafika. Binti yake ameitwa shule ya kitaifa ya bweni, ambako karo iliyowekwa na Wizara ya Elimu ni Sh53,554 kwa mwaka, na hapo hujanunua sanduku, godoro, blanketi wala sare. Mama yake yuko Ndhiwa, anameza dawa za presha zinazotakiwa kununuliwa kila mwezi. Kwenye simu yake kuna kundi la WhatsApp la matanga ya binamu yake. Wameandika orodha ya michango, na mbele ya jina lake wameweka Sh20,000 bila kumuuliza, kwa kuwa yeye ndiye "yuko serikalini".

Asubuhi hiyo amesimamisha mashua. Amelitandaza jarife mchangani na kupima macho yake kwa rula. Ni madogo kuliko sheria inavyoruhusu, na ndani ya sanduku la barafu kuna mbuta waliotoshana na kiganja cha mtu mzima. Mwenye chombo si mgeni. Wanasali kanisa moja. Wala hatamki neno hongo. Anamvuta kando, chini ya mti wanaposhonea nyavu, anampa samaki wawili waliofungwa kwa gazeti kuukuu, na katikati ya gazeti kuna noti zilizokunjwa. Anamwambia kwa upole, "Mkubwa, najua shule zinafunguliwa. Mtoto wako ni mtoto wangu."

Kwetu hayo ni maneno mema. Ndiyo maana ni magumu kuyakataa. Mtu akikujia kwa vitisho unajua mara moja kuwa ni adui. Huyu anakuja kama jirani, anataja mtoto wako, anataja shida ambayo ni ya kweli, na ana dawa yake mkononi. Afisa huyu si mlafi. Hataki nyumba ya ghorofa wala gari kubwa. Anataka binti aripoti shuleni Jumatatu na wenzake.

Wapo wanaoiba mamilioni na hawajalala njaa hata siku moja. Hao sizungumzi nao hapa, wana mahakama yao. Nazungumza juu ya mtu mdogo, kwa sababu kwake yeye bado msaada wetu unaweza kufika kwa wakati.

Tuangalie basi itakavyokuwa akipokea lile gazeti. Upande wetu wa ziwa, mbuta wa chini ya sentimita 50 hatakiwi kuvuliwa, na sababu si ubishi wa serikali: samaki wa kimo hicho wengi wao hawajazaa hata mara moja. Uvuvi wa omena nao hufungwa kila mwaka kuanzia Aprili hadi Julai ili ziwa lipumzike. Kila jarife la macho madogo linalopitishwa kwa noti chache linawachukua samaki wa mwaka kesho. Anayelipa ni mama anayeamkia ufuoni na beseni lake kabla hakujapambazuka, akute samaki wamepungua na bei imepanda. Mama huyo huenda ni shangazi yake afisa. Na tunajua, ingawa tunanyamaza, masharti ambayo wanawake wa ziwa hili hupewa na baadhi ya wavuvi samaki wanapokuwa haba. Jaboya, yaani ngono kwa samaki, inakua pale samaki wanapopungua.

Kuna pia jambo la pili. Mwenye chombo, wiki ijayo, haji tena na gazeti. Anakuja na amri. Afisa akimsimamisha, anamtazama tu, na wote wawili wanakumbuka yaliyotokea chini ya ule mti. Kuanzia siku hiyo afisa ana mabosi wawili, na yule wa pili hana barua ya ajira wala siku ya kustaafu. Sheria ya Hongo ya 2016 inamweka mtoaji na mpokeaji kwenye kosa zito: kifungo kisichozidi miaka 10, au faini isiyozidi Sh5 milioni, au vyote viwili, na yule aliyenufaika huongezewa faini nyingine juu ya hiyo. Pima hilo na karo ya mwaka mmoja. Binti aliyelipiwa kwa pesa hizo ndiye atakayeondolewa shuleni baba akifungwa.

Tujiulize basi nani alimfikisha chini ya ule mti. Mwenye chombo alikuwa wa mwisho katika mstari mrefu. Mbele yake walikuwa wale walioandika Sh20,000 kwenye orodha ya matanga. Alikuwepo mjomba aliyesema hadharani, mbele ya wageni, "Mtoto wa fulani ana mwaka mmoja tu kaunti na amekwisha jenga, wewe una miaka kumi, umetuletea nini?" Alikuwepo shemeji aliyetaka mtoto wake aingizwe kazini bila usaili. Alikuwepo rafiki aliyecheka alipoona afisa mzima anapanda matatu. Hakuna hata mmoja kati ya hawa aliyesema "kaibe". Lakini kila mmoja alimwekea bei, na bei hiyo haipo kwenye hati yake ya mshahara.

Hati hiyo ya mshahara tuisome, kwa sababu wengi wetu hatujawahi kuiona. Kodi inakatwa. Kuna bima ya afya ya jamii, asilimia 2.75 tangu Oktoba 2024. Ushuru wa nyumba, asilimia 1.5. NSSF. Mkopo wa Sacco alioezekea nyumba ya mama yake. Sheria ya Ajira inataka makato yasizidi theluthi mbili ya mshahara, na wako watumishi wengi wanaoishi kwenye theluthi ile iliyobaki, mwezi baada ya mwezi, huku kijijini wakiitwa matajiri. Jaduong', mzee wa kijijini, anayempigia simu kuomba elfu tano za mbolea anadhani anaomba kidogo, na hana kosa kudhani hivyo, kwa sababu hajaambiwa.

Ninapofikiria afisa aliyekataa na hakushikwa mkono, namfikiria David Munyakei. Aliajiriwa kuwa karani katika Benki Kuu ya Kenya mwaka 1991. Meza yake ndiyo iliyopitisha hati za fidia kwa wauzaji wa bidhaa nje, na hapo akaona kampuni ya Goldenberg International ikilipwa mabilioni kwa madai ya kuuza dhahabu na almasi. Sheria iliruhusu fidia ya asilimia 20. Kampuni hiyo iliongezewa 15 juu yake. Watu wa Nyatike, ambao wazee wao waliuona mgodi wa Macalder ukifanya kazi na ambao wanashuka mashimoni hadi leo na sururu na tochi, wanajua gramu moja ya dhahabu hutoka kwa jasho gani. Hawangehitaji tume kuwaambia kwamba dhahabu ya kiasi kile haikutoka katika ardhi ya Kenya, sembuse almasi. Munyakei naye alijua. Alikuwa kijana wa cheo cha chini, na angeweza kugonga mhuri aende zake nyumbani. Akatoa nakala za hati, zikawafikia Anyang' Nyong'o na Paul Muite, wabunge wa upinzani, na mwaka 1993 jambo hilo likasemwa wazi bungeni.

Alikamatwa na kushtakiwa kwa kutoa siri za serikali. Kesi haikufika mbali, lakini kazi yake haikurudi tena. Alihama, akaishi Mombasa, baadaye Narok, akihangaika kulisha familia. Mwaka 2004 Transparency International ilimpa tuzo ya uadilifu. Mwaka 2006 akafariki, hajafikisha miaka 40, akiwa maskini, huku nchi nzima ikitamka jina Goldenberg kila siku na wachache tu wakilijua lake. Tuzo ilikuja zaidi ya miaka kumi baada ya kufukuzwa. Ilikuwa tuzo ya heshima na iliyostahili kabisa, ila haikulipa kodi ya nyumba.

Simsemi Munyakei ili kuwatisha maafisa wetu. Namsema kwa sababu kila karani wa Migori na Homa Bay anajua kisa cha namna hiyo, cha mtu wa ofisi ya jirani aliyesema ukweli akahamishwa, akanyimwa cheo, akaambiwa hana adabu. Sheria ya Hongo inakataza kumdhulumu au kumtisha aliyetoa habari. Hata hivyo mswada mahususi wa kuwalinda watoa habari umeandikwa na kuandikwa upya kwa miaka mingi, na wabunge wetu hatujawahi kuwauliza juu yake wakija kuomba kura. Tuwaulize. Wakija matangani, baada ya kuimba na kutoa pole, jaduong' mmoja asimame aulize tu, mswada ule umefikia wapi?

Na kuna mwingine wa kumkumbuka, huyu ni wa kwetu kabisa. Kisiwani Rusinga ndiko alikozikwa Tom Mboya. Tunamkumbuka waziri, tunakumbuka ndege zilizowapeleka wanafunzi Marekani, tunakumbuka risasi zilizomuua Julai 5, 1969. Kazi yake ya kwanza wengi tumeisahau: alikuwa inspekta wa afya katika Baraza la Jiji la Nairobi. Baba yake alikuwa mnyapara katika shamba la katani, na fedha za kumwendeleza na masomo ya juu hazikupatikana, kwa hiyo mwaka 1948 akaingia chuo cha mainspekta wa afya na kuhitimu 1950. Ni kazi ya kuingia hotelini, buchani na sokoni, kazi ambayo mpaka leo noti hujificha ndani ya mkono wa salamu. Na mshahara ulikuwa wa dharau, maana inspekta Mwafrika alilipwa sehemu ndogo ya alicholipwa Mzungu kwa kazi ile ile.

Mboya aliigeuza dharau hiyo kuwa hoja ya hadharani. Aliwakusanya wafanyakazi wenzake wa baraza, kikazaliwa chama cha wafanyakazi wa serikali za mitaa, wakadai haki yao wakiwa pamoja na mchana peupe. Hii ndiyo njia ninayotaka tuwafungulie maafisa wetu wa leo. Mshahara ukichelewa, tusiseme "hao wana njia zao". Sentensi hiyo ni kibali cha hongo, na tunaitoa bure. Tuseme walipwe. Mwakilishi wa wadi tunayemchagua hupitisha bajeti ya kaunti. Tumtake aeleze ni miezi mingapi wauguzi, maafisa wa uvuvi na mainspekta wa afya wamekaa bila malipo, na wakati huo huo ni safari ngapi za kujifunza zimelipiwa. Katika vikao vya maoni ya wananchi kuhusu bajeti tumezoea kuomba barabara na maji. Mara moja tuombe pia kwamba anayepima maji hayo alipwe mwisho wa mwezi.

Kwa familia zetu nina ombi la karibu zaidi. Mkae chini kupanga karo mwezi wa Agosti, si Januari. Mtu mmoja mwenye kazi asigeuzwe Sacco ya ukoo mzima. Wengi wetu tuko katika vyama vya kuweka akiba vya akina mama na vya boda boda. Tufanye kimoja cha karo kwa ukoo, kila nyumba itoe kidogo kila mwezi, hata kama ni mia mbili, ili mtoto akiitwa shule pasiwe na mtu wa kubebeshwa mzigo huo peke yake usiku mmoja. Matanga yetu tuyapunguze. Najua ninapogusa. Kumzika mtu kwa heshima ni jambo kubwa kwetu, na sitaki likome. Lakini mahema matatu, vipaza sauti vya siku nne na ng'ombe wa kukopa havimwongezei marehemu heshima, na mara nyingi anayeachiwa deni ndiye huyo mtumishi wa serikali. Na kwenye orodha ya michango, mtu aulizwe kabla ya kuandikiwa.

Sisi tunaokwenda ofisini kutafuta huduma tusijitoe. Tumefundishana kwamba penye udhia penyeza rupia, na kuna wanaoipenyeza kabla hata ya kuuona udhia. Mtu anafika ofisi ya ardhi, hajaambiwa lolote, tayari ameitayarisha noti mfukoni. Kwa afisa mwaminifu hilo ni tusi, na kwa aliyechoka ni mtego. Ukutani katika ofisi za umma hubandikwa mkataba wa huduma unaoonyesha kila huduma, ada yake na muda wake. Usome kabla ya kufungua mdomo. Lipa ada hiyo kwa njia rasmi, udai risiti, usubiri. Jambo likifichwa, Sheria ya Kupata Habari ya 2016 inakupa haki ya kuuliza kwa maandishi, na ofisi ina siku 21 za kukujibu. Kaunti zetu zimeanza kukusanya ushuru kwa simu, na hilo ni jema kwa afisa kuliko kwa yeyote mwingine, kwa kuwa pesa ambayo haipiti mkononi mwake haiwezi kumjaribu.

Makanisa yetu yana sauti kubwa kuliko ofisi yoyote. Novemba 2024, Askofu Mkuu Philip Anyolo wa Nairobi, ambaye wengi mnamfahamu kwa kuwa alikuwa askofu wa Homa Bay kuanzia 2003 hadi 2018, alitangaza kuwa jimbo lake halitapokea fedha ambazo Rais na wanasiasa wengine walikuwa wametoa katika parokia ya Soweto, zikiwemo Sh2.6 milioni za Rais. Haikuwa hongo, ilikuwa harambee ya kawaida mbele ya waumini. Zilikuwa fedha ambazo parokia ingeweza kuzitumia, na bado jimbo likasema zitarudishwa. Wachungaji na mapadri wa Kendu Bay, Rongo, Awendo na Oyugis, waumini wenu walio maofisini wanahitaji kuona hilo likifanyika karibu nao. Mnapotaja majina ya waliotoa nyingi Jumamosi au Jumapili, kumbukeni yuko mmoja ameketi nyuma ambaye wiki hiyo alikataa elfu kumi na tano, na hana cha kuweka kwenye kikapu.

Wakubwa wa idara nao, tafadhali. Afisa akikuletea habari kwamba ameshawishiwa, usimuulize kwa nini anajitafutia maadui. Usimpeleke kituo cha mbali kana kwamba amekosea. Sheria inamtaka kila mwenye mamlaka, wewe ukiwemo, aripoti kwa Tume ya Maadili na Kupambana na Ufisadi ndani ya saa 24 akijua au akishuku hongo. Akija kwako na uoga, andikeni ripoti hiyo pamoja, na jina lako litangulie lake.

Na wewe mwenyewe uliye chini ya ule mti. Kwanza rudisha gazeti na samaki wake, vyote, kwa sauti ambayo wanaoshona nyavu wataisikia. Usibaki na samaki. Andika daftarini siku, saa, namba ya mashua na ulichoambiwa, wakati bado unakumbuka neno kwa neno. Piga 1551, simu ya bure ya Tume, au nenda ofisi yao ya Kisumu. Jioni mwambie mama watoto yote, pamoja na kiasi ulichokataa na kiasi kinachopungua kwenye karo. Asiambiwe na watu wa nje. Kisha mpigie mwalimu mkuu kabla ya Jumatatu umwombe ulipe kwa awamu, halafu umpigie yule mjomba anayeuliza umeleta nini, umsomee hati yako ya mshahara mstari kwa mstari, umwambie unahitaji ukoo uchange. Akikata simu, mpigie anayefuata.